Nduru Katika Stoo ya Nyavu

Hakuna kitu duniani kinachoweza kunishangaza mimi. Shule niliacha darasa la nne, na leo nina maduka matatu Rongo na malori mawili, hesabu zote nafanya kwa kichwa. Lakini rafiki yangu, juzi nilipita duka la video pale Homa Bay, nikaona kwenye televisheni mzee wa Kijapani, uso umepakwa weupe, amepiga magoti, sauti hakuna. Nikaingia ndani. Yule mzee namjua!

Tulikutana Mbita, miaka ya sitini, nyavu za nailoni zilipoanza kuzipiku zile za zamani. Mjapani aliyeziuza alitualika mchana kwenye stoo yake, akaziba madirisha kwa blanketi, akawasha mashine ya sinema. Filamu ilikuwa kuukuu, bubu kabisa. Kwao, alisema, mtu husimama kando ya kitambaa cha picha akisimulia, basi kazi hiyo akapewa mwalimu wetu. Stoo ilinuka dagaa wa omena na nailoni mpya. Nilikalia gunia, nimejibana kwa nyanya yangu, Dani kama tunavyowaita nyanya kwetu.

Mwalimu akatuambia yule mzee wa uso mweupe ameuawa kwa hila, na mwanawe ameapa kulipiza kisasi. Nilinyoosha shingo kwa hamu ya kuona upanga ukichomolewa. Loo! Nyanya akasimama, akapiga nduru ya msiba.

"Dani, kaa chini!" nikamvuta nguo. "Ni picha tu!"

"Nyamaza, wewe! Hata wa picha alizaliwa na mama. Mnamtazama hivi hivi, hakuna wa kumlilia?"

Wanawake wakaitikia. Wanaume wakashika makasia, wakatoka mbio hadi ziwani kukifukuza kifo, kama tufanyavyo kwetu mtu mkubwa akifariki. Watoto tukasombwa nao. Mjapani alivua kofia, akainamisha kichwa, akaiacha mashine ijiendee. Tuliporudi, filamu ilikuwa imekwisha. Nililia kwa hasira mpaka nyanya akaninyamazisha kwa kipande cha samaki ngege wa kukaanga.

Stoo ile haipo tena, nyanya hayupo, na nduru siku hizi zimemezwa na vipaza sauti. Lakini asiye na mtu akifa Rongo, lori langu ndilo linalompeleka kwao, na sitozi senti. Hilo nilifundishwa na nyanya, si na shule. Asante, Dani.

Basi juzi pale Homa Bay, kijana wa duka la video alitaka kufunga akale. Kanda, alisema, aliachiwa na Mjapani mmoja aliyekuja kufanya kazi ya kujitolea.

"Mzee, rudi kesho."

"Kijana, nimengoja tangu sijaota ndevu. Keti."

Tukatazama hadi mwisho. Mwana alilipiza, ndiyo. Kisha akaenda kaburini kwa baba yake, na hapo ndipo akalia. Nikanunua ile kanda, nikalipia na chakula cha kijana, bila kubishania bei: jumla shilingi mia nne na sabini na tano.