Nguzo ya Katikati

Bibi yangu kule Samuye alikuwa na kihenge cha mtama kilichosimama juu ya miguu ya miti. Mchwa waliila ile miguu kwa ndani, wakaacha ganda. Sisi tukawa tunapanda na vikapu, tunajaza tu, maana kitu kilichosimama jana nani atakishuku leo? Asubuhi moja kuku akarukia juu. Kuku mwenyewe mwembamba. Kihenge kikakaa chini kama mzee aliyechoka, mtama ukamwagika mpaka zizini. Bibi akasema, "Mwacheni kuku, hana kosa." Tulimla sikukuu, lakini hayo mengine.

Kihenge kile nilikikumbuka kwa ajili ya shemeji yangu, mume wa mdogo wangu wa kike. Machimboni Nyarugusu hakuambulia kitu, akahamia chini ya daraja la barabara kubwa, jirani na kwao. Wachimbaji wanajua: maji yakifika kwenye nguzo yanapunguza mwendo, na dhahabu ni nzito, inalala hapo hapo. Kiangazi chote alichota mchanga kwenye mguu wa nguzo, akauosha kwa karai, kisha ule uliooshwa, tunaouita marudio, akaurudisha shimoni. Kwa hesabu yake hajaiba kitu, daraja limerudishiwa mchanga wake. Lakini marudio ni laini kama unga wa muhogo. Maji yakija, yanayasomba.

Nilimwambia. Akacheka.

"Shemeji, hili ni zege la serikali, siyo kihenge cha bibi yako."

"Na mkeo anapita hapo juu kila siku, anapeleka chai ng'ambo."

"Basi mwambie apunguze unene."

Mvua zikaanza huko juu. Mto ukaja mwekundu, ukafunika shimo. Nilikuwa nakaa kwenye benchi la mdogo wangu, pale anapouzia chai, na lori likipita daraja lilitoa sauti ya chini, kama mtu anayesaga meno usingizini. Vikombe vikasogea mezani vyenyewe. Nikaenda kwa mwenyekiti wa kijiji, akapiga simu. Watu wa barabara wakasema wanakuja jioni ile ile. Sasa watamwuliza nani palipochimbwa, na maji yameshafunika?

Nikamweleza shemeji mbele ya mkewe. Safari hii hakucheka. Mdogo wangu aliendelea kumimina chai.

"Baba watoto, waonyeshe tu," akasema. "Wakikufunga nitakuletea chakula. Mimi ndiye ninayepita pale."

"Nimesikia. Ngoja nikavae shati."

Nyumba yao iko upande huu, nyuma ya benchi. Yeye akashika njia ya daraja. Alitembea kushoto, bila haraka. Alipokaribia nguzo ya katikati akakata barabara, akapita akiwa amejibana kwenye ukingo wa kulia, halafu akarudi kushoto kwake. Mdogo wangu aliona alipopakwepa, na mimi niliona. Shemeji akafuata njia ya Buseresere hivyo hivyo, kifua wazi, hakugeuka, na mpaka leo hajarudi.