Hebu Rudia Hapo

Waliomwita Fumanizi hawakuwa wanamtania. Walimtaja kwa kazi yake. Kwa miaka kumi na miwili alikuwa mtu wa kugonga milango ya wenzake, kamera ikiwa nyuma ya bega lake, na kipindi chake kilirushwa saa ile watu wameshashiba na hawana la kufanya. Daktari wa bandia? Fumanizi huyo mlangoni. Baba mdogo kamdhulumu yatima nyumba? Fumanizi kishafika, na jirani zake kishawaita. Ukimuuliza ushahidi kautoa wapi, alikuwa na jibu moja tu: lisemwalo lipo, na kama halipo linakuja. Wengine methali hiyo huisema kwa umbea wa barazani. Yeye aliifanya sheria ya kazi.

Siku moja lililosemwa lilikuwa kwamba mkunga wa zahanati fulani anauza vichanga. Fumanizi akamvizia mchana kweupe kwenye geti la nyuma. Mkunga akatoka amebeba beseni lililofunikwa kitambaa.

"Mama, umebeba mtoto wa nani humo?"

Sauti ya Fumanizi ilikuwa nzito kama ya hakimu, na yule mama, ambaye maisha yake yote hakuwahi kuulizwa neno mbele ya kamera, akafanya kosa moja. Alikimbia. Hatua chache mbele akajikwaa, beseni likapinduka, zikamwagika aproni tatu zenye damu ya kazini. Alikuwa anazipeleka nyumbani kuzifua kwa sababu bomba la zahanati lilikuwa halitoi maji.

Jioni ile, katika chumba cha kuhariri, Fumanizi aliweka kidole kwenye kioo. "Kata hapa," alimwambia mhariri. "Kabla hajajikwaa."

Basi nchi nzima ikamwona mkunga akikimbia na beseni, na wala haikumwona akianguka. Uchunguzi ulikwenda miezi minane, mama wa watu akaonekana hana hatia. Tumpe Fumanizi haki yake: habari hiyo aliipeleka kwa mkuu wa kituo cha televisheni. Mkuu akacheka. "Ameonekana msafi? Ndugu yangu, usafi hauna picha." Ikaishia hapo, na Fumanizi akaenda kugonga mlango mwingine.

Ikapita miaka mitano kabla hajakutana tena na yule mkunga, na hata hapo hakumtambua. Zipu ya begi la kamera ilikuwa imeharibika, akaelekezwa kwa fundi cherehani mmoja nyuma ya soko. Fundi, mama wa makamo, aliibadilisha zipu bila kuinua macho, akaivuta mara mbili kuijaribu, akamrudishia begi lake.

"Nimekujua kwa sauti," alisema. "Uso siku ile sikuuona. Nilikuwa nakimbia."

Mwezi haukuisha, Fumanizi akaacha kazi. Akarudisha gari la kituo na kitambulisho, akatangaza kwamba sasa anatengeneza filamu yake mwenyewe, bila bosi, juu ya mwanamke aliyevunjiwa maisha na kamera. Mkewe alimsikiliza hadi mwisho, maana ni mwanamke mvumilivu, kisha akasema, "Mume wangu, mtu ukimkanyaga mguu humwombi umpige picha ya kidonda. Unamwomba radhi."

"Filamu ndiyo radhi yenyewe."

"Haya, baba. Kama ndivyo inavyoombwa siku hizi."

Tuseme ukweli, alitaka kujisafisha. Lakini pia alitaka, kwa moyo wote, watu wamwone yule mama alivyo, na mambo hayo mawili yalikuwa yamechanganyika ndani yake kiasi kwamba hata mwenyewe hakuweza kuyatenganisha. Chumba cha watoto kikawa chumba cha kuhariri, watoto wakahamia sebuleni. Akamrekodi mlinzi wa zahanati. Akawarekodi wanawake waliomkimbia mkunga, na mhariri wa zamani, ambaye alilia bila kuombwa. Kila mtu alisema, ila aliyetendewa. Yeye kila akifuatwa alijibu kwa upole, "Siku nyingine, baba," akaendelea kukanyaga cherehani. Ikawa hivyo miaka minne. Fumanizi aliipanga filamu na kuipangua, na bila sauti ya yule mama ilibaki kuwa umbea uleule wa zamani, sasa na muziki mzuri.

Mwaka wa tano mkunga akamwambia, "Njoo Jumanne. Njoo peke yako."

Alimkuta amefagia chumba anamoishi na kushonea, na kusogeza vitambaa vya watu pembeni. Fumanizi akaweka kiti karibu na dirisha, akasimamisha kamera, akambandika kipaza sauti kidogo kwenye kola. Hakumuuliza swali lolote. Mkunga akaanza mwenyewe.

"Wanawake kuacha kuja kwangu, hilo nililizoea. Mtu huogopa, hasa kwa mtoto. Lakini nina binti. Mimba yake ya kwanza, alikuwa anakaa nyumba ya pili kutoka hapa. Uchungu ukamshika mchana. Nikasikia hatua zake na za mumewe uani, nikajua, leo wanakuja. Nikachemsha maji. Nikakata kucha. Nikasimama nyuma ya mlango huo hapo. Wakapita. Wakaenda kutafuta mtu mwingine." Aliinamisha macho, akaitazama mikono yake. "Nilikuwa nimeshanawa mikono."

Nje, lori lilikuwa linarudi nyuma, likilia ti-ti-ti.

Fumanizi aliisikia sentensi aliyoingojea miaka minne. Na lori alilisikia. Mazoea yana taabu: mtu aliyefundishwa nusu ya maisha yake kwamba maneno yasiyonaswa vizuri hayajasemwa, ulimi wake hauulizi moyo.

"Samahani mama, kuna lori," alisema. "Hebu rudia hapo. Anzia 'nilikuwa nimeshanawa.' Na uitazame mikono vilevile."

Mkunga alimtazama. Lori likanyamaza. Akainamisha macho, akaitazama mikono yake, akangoja kidogo palepale alipongoja mwanzo.

"Nilikuwa nimeshanawa mikono," alisema. "Imetoka vizuri?"

"Imetoka vizuri, mama."

"Ya tatu hutaki?"

Fumanizi aliondoa mkono kwenye kamera. Alikuwa ameshajua alichofanya.

"Jambo hilo sijawahi kumwambia mtu," mkunga alisema, bila hasira. "Hata marehemu mume wangu. Sasa nimelisema mara mbili, na ya pili nilikuwa nakuigizia. Hata ile ya kwanza naiona imeshakuwa maigizo. Futa."

"Mama, bila haya hakuna filamu."

"Futa, baba."

Akaigeuza kamera ili mama aone. Mashine ikauliza kama ana uhakika, akabonyeza ndiyo. Mkunga akaitikia kwa kichwa, akiamini yamekwisha. Hakujua kwamba kamera ile huandika kwenye kadi mbili kwa pamoja, na ya pili ilikuwa ndani bado, nzima, lori na yote. Fumanizi alisimama pale akiwaza miaka minne, na watoto wanaolala sebuleni. Kufunga begi na kuaga tu, kwisha. Hakuna ambaye angemfumania.

"Kuna kadi ya pili," alisema.

Akaifuta nayo mbele yake. Machozi yalimtoka, na hakuyazuia. Kwa mara ya kwanza tangu ashike kamera alikuwa ametupa picha kwa hiari yake, na tusimfiche, alitegemea japo neno moja la ahsante.

Mkunga alikivua kipaza sauti mwenyewe, akamwekea kiganjani.

"Na ile ya beseni?" aliuliza. "Nayo inafutika?"

"Ile haifutiki, mama. Iko kwenye simu za watu. Hata mimi siifikii tena."

Mama akatafakari kidogo, kama mtu aliyeambiwa duka limefungwa.

"Kwa hiyo niliyosema mimi yamefutwa," alisema, "yamebaki uliyosema wewe."

Kisha akavuta kiti hadi kwenye cherehani, akaendelea kupunguza suruali ya mteja.