Cheo cha Kuzumi Kwenye Jiwe la Akisawa

Mara ya kwanza Isoda Tomekichi kukutana na Kuzumi, walibishana. Tomekichi alikuwa fundi wa mawe, aliyekuwa kibarua wa machimbo kabla ya kufungua uwanja wake wa kuchongea mawe kando ya barabara, na kijiji cha Akisawa kilikuwa kimempa kazi yake ya kwanza kubwa: jiwe la kumbukumbu la vijana waliokufa katika vita na Warusi. Mbele maneno makubwa ya heshima, nyuma majina ya marehemu. Yale maneno ya mbele yaliandikwa kwa brashi na Kuzumi Morihiko, mzaliwa wa hapohapo, ambaye jeshini alikuwa amefika cheo cha meja. Chini, upande wa kushoto, alitia sahihi yake: cheo kwanza, kisha jina.

"Afande, cheo tukiache," Tomekichi alimwambia, karatasi mkononi. "Jina linatosha."

"Unakionea haya cheo changu?"

"Ninalionea huruma jiwe. Wewe utapanda. Jiwe halipandi."

Wazee waliokuwapo wakacheka. Kuzumi naye akacheka, ila karatasi hakuibadili. "Nikipanda utafuta, uandike upya. Au mkono huo huna?"

"Mkono ninao. Jiwe ndilo litakalopungua."

"Jiwe gumu namna hii, fundi! Litatuzika sote."

Tomekichi akachonga. Mtu aliyeanza maisha kwa kubeba mawe ya wengine hakatai kazi ambayo anajua itarudi yenyewe.

Na ikarudi. Kuzumi alipopata uluteni kanali, mkuu wa kijiji, Mzee Shimojo, alikuja mbio na gazeti mkononi. Kufuta neno lililochongwa maana yake ni kuushusha uso wa jiwe mpaka chini ya neno, halafu kuchonga tena palepale. Kijiji kingine kingeachana na kazi hiyo, lakini Hirade, ng'ambo ya mto, walikuwa na admirali, na walimtaja kila penye harusi na msiba. Kwa hiyo Akisawa hawakuachana nayo. Kuzumi akawa kanali. Pale pa sahihi pakawa kibonde. Akarudi kutoka Manchuria akiwa meja jenerali, amenenepa, sauti imekuwa nzito. Kibonde kikawa bakuli, mvua ikanyesha ikatuama humo, shomoro wakaja kunywa. Huko nyuma nako majina yaliongezeka, kwanza moja moja, kisha kwa mafungu, tangu vita vya China vilipopamba moto.

Tomekichi alipima unene wa jiwe kwa kiganja, mbele na nyuma. Hakuna aliyemuuliza.

Alipopanda kuwa luteni jenerali, Kuzumi alikuja mwenyewe kuzuru makaburi ya wazazi wake, akapita uwanjani na msaidizi wake nyuma. Mwaka huo Mineo, mtoto pekee wa Tomekichi, alikuwa ametimiza umri wa kuitwa jeshini.

"Safari hii sitaki malipo," Tomekichi alisema. "Nataka mwanangu asikae mstari wa mbele."

Msaidizi akakohoa. Kuzumi akavua glavu taratibu. "Unanifanyia biashara, fundi?"

"Ndiyo kazi yangu, Afande."

"Anajua farasi?"

"Atajua."

"Basi atanitunzia wangu. Anapolala farasi wangu ndipo atakapolala yeye. Umeridhika?"

Tomekichi aliinama mpaka paji la uso likakaribia vumbi. Jioni alimwambia mkewe, Fusa, kwamba kijana amepata pa kujishikiza, na Fusa akapika wali mwekundu wa maharage kana kwamba nyumba ina sherehe. Mwaka mzima barua zilikuja: Mineo ameumwa na farasi begani, Mineo amekabidhiwa tandiko, Mineo anakwenda kusini, mahali pa joto.

Kisha barua zikakoma. Baridi ilipoingia likaja sanduku jeupe lililofungwa kwa kitambaa, lile la kuletea mifupa ya askari aliyekufa. Ndani hamkuwa na mifupa. Mlikuwa na jiwe dogo.

"Limetoka huko alikofia?" Fusa aliuliza.

Tomekichi aliligeuza vidoleni. Lilikuwa jiwe la mto wao wenyewe; chini ya daraja la mto yalikuwa yamejaa tele. "Limetoka huko," akasema.

Jina la Mineo alilichonga mwenyewe. Nyuma ya jiwe la kijiji nafasi ilikuwa imebaki moja tu, chini kabisa pembeni, na fundi alijua imegusana mgongo na nini. Upande wa pili wa hapo ndipo lilipokuwa bakuli la Kuzumi. Akachonga kwa wepesi, kama mtu anayeandika juu ya yai.

Vita vikaisha vibaya. Ikapita amri ya washindi kwamba mawe ya namna ile yaondolewe, na Mzee Shimojo akapanga lilazwe kifudifudi juu ya mfereji wa mashambani liwe daraja. Kabla halijalazwa, Kuzumi akaja. Alivaa koti la raia lililompwaya, mkononi kifurushi cha viazi vitamu, na hakuwa na msaidizi.

"Fundi. Futa jina langu."

"Si linalala kifudifudi? Nani atalisoma?"

"Wanachunguza, Isoda. Wanafukua. Wenzangu wamekwisha chukuliwa."

"Pamebaki unene wa vidole viwili, Bwana Kuzumi. Nikigonga tena patatoboka. Na nyuma yake unajua ni nani?"

Kuzumi hakujua. Alizunguka jiwe, akachuchumaa, akasoma.

"Taja bei yako," akasema bila kugeuka.

"Mwanangu alikufa vipi?"

"Sikuwapo."

"Ulisema anapolala farasi wako..."

"Nilivuliwa uongozi! Ilikuja ndege, ina nafasi ya watu wawili. Farasi tulikuwa tumekwisha wala, wangu wa mwisho. Mwanao ndiye aliyemchinja. Alilia, nikamkaripia. Asubuhi nikapanda ndege, naye akapiga saluti, tandiko begani. Waliobaki wakaambiwa warudi kwa miguu. Basi. Zaidi ya hapo sijui, na aliyekwambia anajua amekudanganya."

Tomekichi alitazama vile viazi, akatazama koti.

"Umelipa," akasema, akachukua patasi.

Alifuta cheo kwanza. Alipofika kwenye jina, jiwe likatoa sauti kavu, kipande cha ukubwa wa kiganja kikachomoka kwa nyuma na kuangukia nyasi, jina "Isoda Mineo" limekaa zima juu yake. Kuzumi alishtuka, akaomba radhi, akaomba tena. Tomekichi alikuwa ameshakiokota.

Kuzumi alichukuliwa hata hivyo. Kumbukumbu za jeshi zilikuwa na jina lake, na huko hakuwa na fundi wa kumfutia. Akisawa walipata daraja lenye tundu, ambalo farasi na mikokoteni hulikwepa. Tomekichi alikiweka kile kipande kwenye kabati la ibada ya wahenga nyumbani, akalitoa humo lile jiwe la mto.

"Hilo unalipeleka wapi, Baba Mineo?" Fusa aliuliza.

"Lilikotoka," akasema. Fusa alimfuata kwa macho mpaka akaona anateremka chini ya daraja la mto, na hapo ndipo alipoelewa.