Chafya ya Mzee wa Tumbaku

Babu wa babu yangu aliwauzia tumbaku wapagazi wa misafara, kabla Mjerumani hajakanyaga huku kwetu. Mteja alipewa ugoro kidogo anuse. Akipiga chafya, yamekwisha, alipe achukue mzigo. Asipopiga, kila mtu ashike njia yake. Mali yake yote iliyeyuka, hata kaburi lake hatulijui. Kilichobaki ni chafya. Pale kwetu Chapwa hakiuzwi kiwanja, hauzwi ng'ombe, haozwi binti, mpaka mgeni apige chafya.

Sasa mimi nikapendana na kijana wa Mbozi Mission, ambaye baba yake ni mzee wa kanisa na tumbaku hata kuisikia hataki. Jamani!

Siku ya posa kopo la ugoro alilishika shangazi, dada mkubwa wa baba. Huyo mama hakuwahi kuolewa, na sote tuliamini ni kwa sababu ya ukali wake. Akamsogezea mgeni, baba wa kijana, kopo. Mgeni akasogeza kiti nyuma.

"Mama, mimi nimeokoka."

"Hongera, baba. Nusa."

"Sinusi."

"Basi hapa hatuna binti wa kuoza."

Mimi nilikuwa nyuma ya pazia, nimependeza, nalia kwa hasira. Yaani nikose mume kwa ajili ya pua ya baba mkwe! Nje malori yaliyopanga foleni ya kuvuka kwenda Zambia yalikuwa yanapiga honi tu.

Mzee akasema kabla hawajaondoka angalau tuombe. Akasimama, akafumba macho, akaiombea nyumba, mpaka wa nchi, madereva, na wote waliofungwa na minyororo ya tumbaku. Nikachungulia. Kila mtu alikuwa amefumba macho isipokuwa shangazi. Alikuwa ananyata, kopo wazi mkononi, akalitega chini ya pua ya mtumishi wa Mungu.

"Kwa jina la Yesu, a... a... achaaa!"

Vigelegele! Mzee alifumbua macho yanatoka machozi, akadhani maombi yametugusa. Mpaka leo anasimulia kanisani jinsi alivyoifungua nyumba yetu.

Nilimfuata shangazi jikoni, nikamkumbatia. Nikamuuliza, wewe unayeishikilia mila hii kuliko wanaume wote, leo imekuwaje?

Alikuwa anafunika kopo.

"Wangu alitoka Ikinga kwa miguu, mvua inamnyeshea," alisema. "Alifika pua imeziba kabisa. Alinusa, mwanangu. Alinusa mpaka ugoro ukaisha."