Mapine ya Mtoto Ambaye Hajazaliwa

Shaka lililoninyima usingizi majira yale ya mvua lilikuwa dogo, halikuzidi upana wa kidole: je, mapine ya nyuma ya gari la baba yanagusa bodi, au hayagusi? Nikifumba macho niliyaona yakizunguka mahali pake penye giza, meusi, makubwa kuliko inavyotakiwa, na juu yake kiti cha nyuma, na kwenye kiti hicho dada yangu ameshika tumbo kwa mikono miwili.

Dada ameolewa na mkulima wa mpunga kwenye bonde la Bugarama. Mimba yake ya kwanza ilimshinda njiani. Uchungu ulimwanza kabla ya wakati, mvua ilikuwa inanyesha, gari la kukodi likachelewa, wakampakia kwenye pikipiki, na walipofika hospitali ya Mibirizi hapakuwa na mtoto wa kuokoa. Baada ya hapo baba, ambaye anauza vitenge sokoni Kamembe na maisha yake yote alikuwa akitembea kwa miguu, alinunua gari. Ni dogo, la milango minne, rangi ya majivu, limetumika sana. Hakusema ni la nini. Lakini mimba ya pili ilipofika mwezi wa nane na daktari akataka dada apandishwe Mibirizi mapema akasubirie hukohuko, hakuna aliyeuliza atapanda na nini.

Ilikuwa imepangwa kuwa tutamfuata Jumatatu. Mapine yaliingia nyumbani majuma machache kabla yake.

Yalikuwa zawadi ya tonton, kaka yake mama, anayeishi Bukavu, ng'ambo ya mpaka. Kwetu mapine hayavushwi mpakani yakiwa yamefungwa juu ya gari, kwa sababu utaulizwa maswali na utachelewa. Gari huvuka likiwa limevaa yaliyochakaa na kurudi limevaa mengine, na yale ya zamani hubaki kule. Kila mtu hufanya hivyo. Tatizo ni kwamba uamuzi lazima ufanyike palepale upande wa pili, gari likiwa juu ya jeki, halina mtu ndani. Huwezi kurudi nyumbani ukafikiri. Tena kule Bukavu, kwa ajili ya mashimo, magari madogo huinuliwa, na fundi wa kule akiona gari limekaa chini analihurumia kama mtoto aliyekosa maziwa.

Baba alirudi jioni akipiga honi langoni. Mama akatoka, mimi nikatoka.

"Mama," aliniambia, maana ndivyo yeye na tonton wanavyoniita tangu nikiwa mdogo, "ona vile iko juu. Mashimo ya Bugarama itaruka kama mbuzi."

Kwa kweli lilikuwa limeinuka. Lilionekana kama mtu aliyevaa viatu vya kaka yake. Nilifungua mlango wa dereva, kwa sababu ndipo saizi huandikwa, kwenye kibandiko kidogo ambacho hakuna anayekisoma. Kilisema 175/65 R14. Nikainama na kusoma ubavu wa pine: 185/70 R14.

"Papa, kwa mlango baliandika saizi ingine."

"Ile baliandika kule Japoni. Japoni hakuna matope."

"Hii ni kubwa kupita."

"Iliingia ao haikuingia?"

Iliingia, na hapo ndipo penye hatari. Namba ya mwisho ni kipenyo cha janti, chuma linapokaa pine, inchi kumi na nne, nayo haikubadilika, kwa hiyo pine likakaa vizuri, boliti zikafungwa, kila mtu akaridhika. Lakini namba ya kwanza ni upana kwa milimita, na ya pili ni kimo cha ubavu, asilimia ya ule upana. Zote mbili zilikuwa zimepanda. Nilipiga hesabu kwenye simu nikiwa nimechuchumaa uani: pine jipya lilizidi la zamani kwa sentimita tatu na kidogo, na nusu ya hizo zilikuwa zimekwenda juu, kwenye nafasi kati ya mpira na chuma. Sentimita moja na nusu si kitu kwa mtu aliyesimama kando ya gari. Kwa gurudumu lililobeba watu kwenye kona, huenda ndiyo nafasi yote lililokuwa nayo.

Nilisema huenda. Hilo ndilo neno langu, na nyumbani wamelichoka. Nilikuwa nimeshasema ukuta wa jirani utaanguka, nao bado umesimama. Nilikataa chupa ya gesi isiwekwe jikoni, mama akapika nje wiki nzima. Nilipomaliza chuo nikarudi Kamembe bila kazi, nilikuwa na muda mwingi wa kufikiri, na baba alizoea kuwaambia wageni, "Huyu alipata diplome ya kuogopa."

Kisha mama akasema jambo lililonifunga mdomo.

"Tonton alisema iko cadeau ya mutoto. Mutoto hajazaliwa, na wewe unaikataa? Kitu ya mutoto hairudishwake mbele ya yeye kuzaliwa. Unamufungia njia."

Alisema kwa sauti ya chini, na hakuwa ananitisha. Alikuwa anaogopa yeye mwenyewe. Nikaona jinsi nilivyobanwa: nikinyamaza na pine likapasuka, nilijua na nikanyamaza. Nikiyatoa na mtoto akapotea kwa njia nyingine yoyote, mama ataangalia miguu yangu siku zote, hataangalia uso wangu.

Kwa hiyo nilinyamaza, na nikawa ninasikiliza.

Gari likiwa na baba peke yake halikutoa sauti yoyote. Nilikwenda naye Cyangugu mara kadhaa, tukashuka hadi ziwani na kupanda tena, kimya. Nilianza kutamani kosa liwe langu. Halafu tukaenda harusini, upande wa mashamba ya chai, na wakati wa kurudi baba akawapakia shangazi zangu wawili nyuma pamoja na mama, na sinia, na masufuria yaliyobaki. Wote watatu ni wanawake wa kujaza kiti. Mvua ilikuwa imekatika na ukungu unapanda kutoka bondeni. Mbele yetu lilikuwa lori la saruji linalokwenda polepole, na baba hapendi malori.

Kwenye kona, gari lilipodidimia kwenye shimo, nilisikia. Ilikuwa sauti fupi na nzito, vrrr, kama mtu anayekwaruza koo kabla ya kusema. Baada yake ikaja harufu ya mpira ulioungua.

"Papa, umesikia?"

"Ni breki za camion. Zinanukaka hivi siku zote."

"Imetoka nyuma yetu. Camion iko mbele."

"Basi ni shangazi yako," alisema baba, na shangazi akampiga begani kwa mkoba. Walicheka mpaka tukafika chini. Kona ya pili, vrrr. Hakuna aliyeacha kucheka. Kutoka kiti cha mbele nilimwangalia baba nikaona macho yake hayakuwa yanacheka, na tangu hapo nimejua kwamba aliisikia.

Tulipofika nyumbani niliwasha tochi ya simu na kuiingiza juu ya gurudumu la nyuma la kulia. Ukingo wa chuma, ambao kila mahali ulikuwa na matope, pale ulikuwa unang'aa. Ulikuwa umefutwa. Na kwenye bega la pine, sehemu inayokunjika kutoka uso unaokanyaga barabara kwenda ubavuni, palikuwa na mstari mmoja mwembamba, mrefu, kama ule unaoachwa na ncha ya kisu kwenye ngozi ya embe. Haukuwa umeingia ndani. Nilipitisha ukucha juu yake, nao ukanasa.

Asubuhi nikaomba jambo ambalo majirani bado wanalitaja. Niliomba familia ipande kwenye gari lililosimama.

"Tunaenda wapi?" aliuliza mmoja wa shangazi, ambao walikuwa wamelala kwetu.

"Hakuna mahali. Kaeni tu."

Wakaingia, mama katikati. Jirani akachungulia juu ya ukuta akauliza kama serikali imekataza kutembea. Nikachuchumaa kwenye gurudumu. Gari likiwa tupu, viganja vyangu vilikuwa vinapita. Sasa nilijaribu kidole cha shahada na hakikupita. Nilijaribu kile kidogo. Hakikupita.

"Inagusa?" baba aliuliza. Alikuwa amesimama nyuma yangu.

"Haigusi. Imebakisha kidogo sana. Ikiruka, inagusa."

"Basi haigusi."

"Papa, na ile furushi ya nguo? Na matela ya kulalia? Na Dada mwenyewe?"

Maana mwanamke hapelekwi kujifungua mikono mitupu. Hupelekwa na godoro, thermosi, beseni, vitenge, uji, na wanawake wawili wa kumshika. Ndilo gari zima. Na barabara ya kutoka Bugarama ni ya kupanda, kona juu ya kona, uzito wote ukiwa umelala nyuma, upande mmoja mlima na upande mwingine hakuna kitu ila ukungu na vichwa vya migomba chini sana.

Baba alifikiri. Aliingiza mkono wake mwenyewe, ambao ni mnene kuliko wangu, akautoa. Kisha akasema fundi ataupiga ule ukingo kwa nyundo ulale, kama wanavyofanya wote, na kwamba zawadi ya shemeji yake haitoki kwenye gari lake, na kwamba nikaone kama kuna kazi imetangazwa mahali.

Fundi akaja akapiga nyundo. Chuma kililala kidogo, kwa upana usiofika kidole. Jumamosi baba alinituma na gari nikaongeze upepo, kwa sababu Jumatatu ilikuwa imekaribia, na mimi nina permis ya kuendesha.

Nilikipita kituo cha upepo bila kusimama. Nilisema moyoni nitazunguka kidogo tu, nifikirie. Nikajikuta karibu na gare, stendi ya mabasi, kwa mfanyabiashara wa mapine, mtu mwenye mdomo mwingi anayekaa juu ya bidhaa yake kama kuku juu ya mayai. Nilimwuliza kama ana 175/65 R14, nikitumaini, nakubali, kwamba atasema hana.

"Niko nazo, ine na zaidi. Lakini juu ya nini unataka hizi za kidogo? Hizi zako ndizo batu banatafuta. Bukavu balizibeba zote."

"Zinagusa nyuma nikipakia."

"Usipakie."

"Ninapakia mwanamke mwenye mimba."

Akatazama gurudumu, akatazama mimi. "Zingine zinagusaka, zingine hapana," alisema. "Nimeona gari zinatembea hivi miaka. Nimeona na ingine." Hakusema aliona nini. "Tubadilishane, basi. Zako ni mpya kuliko zangu, siwezi kulia. Lakini ukishaniachia sirudishi. Mchana mutu wa Bukavu atakuwa amezichukua."

Nilitaka aniambie yatapasuka. Au aniambie mimi ni mjinga. Hakunipa hata moja, na nilielewa kwamba hakuna atakayenipa. Kama nikiyabadilisha na dada akafika salama, nitakuwa nimeharibu zawadi bure. Hakuna atakayeona pine ambalo halikupasuka.

Nikampigia tonton kwanza. Nilimweleza yote, saizi, ukingo, mstari kwenye bega la pine. Alinisikiliza bila kunikatiza, jambo ambalo si desturi yake.

"Papa yako anajua?"

"Hapana."

"Mama yako?"

"Mama anasema ninamufungia mutoto njia."

Alifunga dirisha, na honi za Bukavu zikapungua nyuma yake.

"Kwetu pia banasemaka vile," alisema. "Bon. Mimi nilitoa, haiko yangu tena. Lakini usiseme tonton alikubali. Kama kuna kitu kinatokea kule juu, iko yako. Unasikia, Mama? Si ya papa yako, si yangu."

"Iko yangu," nilisema.

Alikata simu bila kuaga. Nikatia simu mfukoni, nikarudi kando ya gari. Wingu lilikuwa limeshuka juu ya milima ya upande wa Bugarama na huko mvua ilikuwa imeanza.

"Toa zote ine," nilimwambia.

Akaingiza jeki. Sikuondoka kando ya gari hata mara moja. Nilisoma ubavu wa kila pine kabla halijafungwa, nikapitisha mkono kutafuta nyufa, nikalikataa moja lililokuwa na uvimbe ndani na kumfanya alete lingine huku akilalamika kwamba wanawake wenye diplome watamuua. Upepo nilimwambia aweke wa mzigo, wa mbele na wa nyuma kama kibandiko kinavyosema. Gari likarudi chini, likakaa chini kabisa, dogo kama lilivyokuwa siku baba alipolinunua.

Kisha nikampigia baba. Nikamwambia mapine ya tonton hayapo tena, nimeyabadilisha mimi, bila kumwuliza mtu, na hayawezi kurudishwa. Nikamwambia gari liko tayari kwa Jumatatu. Nilisikia sauti ya soko, kisha sauti ya mama akiuliza ni nani huyo, na baba akasema nilete gari nyumbani.