Siku Niliyomlilia Wandera Akiwa Hai

Hapa Lumino ukiuliza nyumba yangu hawatakuambia tena kwa Mama Wandera, watakuambia kwa yule bibi aliyefanya matanga bila maiti, na watacheka, waache wacheke, mimi mwenyewe nikikumbuka nikiwa peke yangu nachambua mboga nafunika uso kwa leso kama msichana.

Yote yaliletwa na wimbo. Mjukuu wangu Nekesa anasoma chuo pale Busitema, anasomea mitambo ya kilimo, lakini trekta analijua kwa ajili ya mtihani tu, moyo wake uko kwenye gitaa la umeme. Alikuwa na miaka kumi na miwili babake, mwanangu Wandera, alipokwenda Uarabuni kulinda maghala ya watu. Mwanzo Wandera alipiga simu kila Jumapili, kisha mara moja kwa mwezi, kisha simu ikanyamaza, miaka minne, hata mtu wa kukosea namba hakuna. Mimi simu naiweka kifuani nikilala, nikienda shambani, nikienda (mnisamehe) chooni.

Basi likizo hiyo Nekesa akaja na wimbo aliomtungia babake. Akaniambia, "Kukhu," (ndivyo wanavyotuita sisi mabibi) "huu ni muziki wa roki, lakini wa polepole." Akanisikilizisha kwa simu. Unaanza gitaa moja, linadondoka kama maji ya paa mvua ikishakatika, halafu zinaingia fidla za wenzake wa chuo, na fidla moja kubwa ya kushikwa katikati ya magoti kama mbuzi wa kukamuliwa, halafu ngoma, vyote vinapanda, vinapanda, ghafla vinaachia, anabaki Nekesa peke yake:

*Mlango sijaufunga, baba,*
*upepo ndio unaingia badala yako.*

Niligeuka nikajifanya natafuta chumvi. Kwa sababu kweli komeo la mlango wangu silifungi, miaka minne yote, na mimi nilidhani mtoto hajui.

Sasa badala ya kusema nimeguswa nikaleta ujuaji. "Wimbo mzuri, lakini hakuna mtu analia hapo. Hizo fidla zinajifanya."

"Wewe ungefanyaje, Kukhu?"

"Mimi? Nikilia mimi, ng'ombe wanaacha kula." (Si uongo. Naitwa kwenye misiba kutoka hapa mpaka Busia, wanaojua kulia tumebaki wachache, wasichana wa leo wanavuta kamasi kwenye kitambaa unadhani wana mafua.)

"Basi uje ulie kwenye wimbo," Nekesa akasema, na mimi mdomo wangu huu ukakubali.

Fundi wa kurekodi alikuwa Owori, mtu mzima mwenye ndevu, wa kule Mwello. Ana studio yake Tororo lakini jirani yake anachomelea mageti, kutwa ni kelele za chuma, kwa hiyo akaja na mashine zake kwangu. Akazunguka nyumba yote akipiga makofi na kusikiliza (nikafikiri amerukwa na akili), akaishia stoo, kwenye magunia yangu ya mahindi yaliyopangwa mpaka juu. "Mama, haya magunia inakula mwangwi yote. Hata studio yangu haiko hivi." Siku hiyo nilitembea kifua mbele kama niliyeyavuna mahindi kwa ajili ya kazi hiyo.

Wakanivika vile vitu vya masikioni juu ya kilemba. Muziki ukaanza, nikafungua kinywa, ikatoka sauti ya mbuzi. Tukarudia. Mbuzi yule yule. Owori, kwa adabu zake zote, akauliza, "Mama, hiyo ni kikohozi ama ndiyo yenyewe?"

Nikawaka. "Wewe Owori, kwenu mnalilia stoo? Msiba unaliliwa uani! Mwanamke anatoka nje mikono kichwani, anakwenda mpaka njiani na kurudi!"

Akautazama waya wa vile vitu vya masikioni, ulikuwa mrefu wa kutosha. "Lakini majirani je?"

Hapo ndipo penyewe. Nilipaswa kumtuma Nekesa ng'ambo ya njia kwa Mama Auma akamwambie kwamba leo bibi atalia lakini ni wimbo tu. Sikumtuma. Mama Auma nikimpa neno asubuhi, mchana limevuka mpaka liko Kenya. Nikasema, "Majirani wako shamba." Basi kinasa sauti chao wakakisimamisha uani, wenyewe wakabaki stoo na mashine yao, mlango wameurudishia, na wao masikio wameyaziba vile vile.

Nikafumba macho. Gitaa likadondoka, fidla zikaja. Nilikuwa nimepanga kulia kilio cha kazi tu, kisicho na mtu ndani, lakini pale penye upepo unaingia badala yako kinywa kikaenda chenyewe. "Wandera wee! Wandera mwanangu, umeniachia nani! Ulikula samaki wangu ukasema narudi! Viatu vyako nimevipaka rangi mpaka ngozi imekwisha!" Miaka minne ikatoka yote. Mikono kichwani, nakwenda, narudi, mpaka waya ukanivuta kilemba. Chini ya zile fidla nikasikia wanawake wengine wanalia, nikasema moyoni, hawa watoto wa chuo wana kipaji. Kitu kikanigonga mguu, nikafikiri mbuzi.

Wimbo ukaisha, nikafumbua macho. Uwanja umejaa.

Wanawake wana kuni kichwani na madumu ya maji. Mama Auma anabiringika chini, ndiye aliyenigonga mguu. Haji, jirani yetu wa lori, yule anayebeba mizigo ya watu mpaka Busia, ameingiza lori kinyumenyume kupitia ua wangu wa miti, anashusha turubai na viti vya plastiki, na mtu mmoja amekwisha mshika jogoo wangu miguu juu.

Haji akanishika mkono kwa mikono yake miwili. "Pole sana, mama. Mwili inakuja lini? Mimi natoa lori mpaka uwanja wa ndege."

Kabla sijajibu mlango wa stoo ukafunguka, Nekesa akatoka anaruka. "Kukhu, tumepata! Safi kabisa!"

Mama Auma akainuka, nywele zina majani. "Mmepata nini?"

"Kilio," Nekesa akasema, sauti imepungua. "Cha wimbo."

"Wimbo! Mimi nimebiringika kwenye mavi ya kuku kwa ajili ya wimbo?"

Watu wakaanza kucheka, lakini Mama Auma hakucheka. Akanisogelea. "Mama Wandera, umemlilia mtu kwa jina lake, mikono kichwani. Una uhakika yuko hai?"

Sikuwa nao. Na Haji akasema polepole kwamba habari ya kifo ameshaiweka kwenye grupu la simu, la watu wetu walioko Uarabuni. Kilio si mate ukayameza tena. Nilikaa kwenye kiti cha matanga yangu mwenyewe, na wao kwa kukosa la kufanya wakakaa pia, kwa kuwa viti vilikuwa vimekwisha pangwa.

Simu ikalia kifuani. Namba ndefu.

"Mama," sauti ikasema, nyembamba kuliko niliyoiweka kichwani. "Mama, nasikia nimekufa."

Mimi, baada ya miaka minne, nikajibu, "Nani kakuambia?"

"Iko kwenye grupu. Wameanza kupanga matanga yangu."

"Kwa hiyo unasoma?"

"Kila siku, mama."

"Na hupigi."

"Kazi iliisha, karatasi za kukaa huku zikaisha. Nikasema nitapiga nikiwa na kitu mkononi. Mwaka ukapita, nikaona haya. Wa pili ukawa mzito zaidi."

"Haya? Mimi nimevaa waya masikioni, Mama Auma ana mavi ya kuku kichwani, lori la Haji limekula ua wangu, na wewe ndiye unaona haya?"

Akacheka, kicheko kikageuka kilio, nakijua, ndiyo kazi yangu. Nekesa akaichukua simu akaenda nayo nyuma ya nyumba. Sikumfuata. Waliyosema ni yao.

Jogoo tukamla, alikuwa ameshachinjwa. Owori wimbo akaumaliza, sauti ya Haji akaikata, ya Mama Auma akaibakiza kwa mbali (sasa anajiita mwimbaji mpaka kule sokoni Busia). Wandera anapiga Jumapili. Hajaja. Anasema karatasi, anasema karibuni, na mimi komeo bado silifungi. Lakini nimeapa: kilio changu hakitoki tena mpaka jeneza nilione kwa macho haya, na siku nikimkumbuka mtu nitasema tu nimemkumbuka, nisitafute fidla za kujifichia.

Haji alipokuja kuchukua viti vyake nikamwambia, "Haji, umesahau kimoja hapo mlangoni."

"Sijasahau, mama. Hicho inakaa hapo mpaka Wandera mwenyewe akuje."

Kuku wanakipenda sana. Kila jioni nawafukuza, nakifuta.