Njia ya Vyungu Isiyopenda Kinyongo

Mama yangu alikuwa mfinyanzi, na vyungu vyake tulivichukua kichwani, kwa miguu, kutoka kwetu upande wa bara wa Magarini hadi Mambrui. Barabara ya magari ilikuwepo. Lori la korosho lilipita kila Alhamisi, na dereva wake alikuwa mtu mwema, hata nafasi alitutengea. Mama hakutaka. Alisema lori halina masikio, ila njia yetu inayo.

Nieleze, maana wasioijua hudhani ninatania. Njia ile iliyopita katikati ya mikorosho na mashamba ya mihogo ilikuwa inasikia moyo wa mtu. Ukiikanyaga na hasira, inarefuka. Ukiwa na wivu, miiba inakutafuta wewe, wenzako wanapita salama. Ukiwa na furaha na wenzako wanaijua, unafika hujachoka. Wachuuzi wote wa kwetu walilijua hilo, wa asali, wa mikeka, wa vyungu, na hakuna aliyeona ajabu. Mimi ndiye niliyeona ajabu, kwa kuwa nilikuwa nimesoma mpaka kidato cha nne na nilikuwa na mdomo.

Kilichonichosha zaidi ni kule kusimama. Desturi ilikuwa kwamba mzigo ukizidi uzito bila sababu, au chungu kikipata ufa bila kuguswa, wote mnatua. Mama anatoa kibuyu cha maji, kila mmoja anasema lililo moyoni mwake, anapiga funda na kulitema chini, na kinyongo kimekwisha. Jambo zuri, kama una siku nzima. Mama mdogo alipokuwa akifuatana nasi, kabla hajaolewa Mtwapa, tulikuwa tukitua mara nne. Yeye alikuwa na kinyongo na lokesheni nzima ya chifu wetu. Alianza na shemeji yake, akaenda kwa mwenye kisima, akamalizia na kuku wa jirani, na jua linatuchoma, na mimi nimeshika kata yangu ya kichwani nikimtazama tu. Siku moja nilivaa saa ya mjomba ili niwaonyeshe upuuzi wao. Tulitumia saa tatu. Juma lililofuata, nikiwa nimenuna kwa sababu nilikatazwa kwenda ngoma ya harusi, tulitumia karibu tano. Nikasema saa ni mbovu.

"Saa ni nzima," mama alisema. "Wewe ndiwe hujatema."

Siku ninayotaka kuieleza, ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya themanini, tulikuwa wawili tu, mimi na mama. Baba alikuwa amefariki siku nyingi. Katika pindo la leso yangu nilikuwa nimefunga barua niliyopewa na mwalimu mkuu siku mbili kabla: nimepata nafasi chuo cha ualimu, niripoti Jumatatu. Mama sikuwa nimemwambia. Ramadhani ilikuwa karibu, na huo ndio wakati watu wa Mambrui walipokuwa wakinunua vyungu na mitungi mipya. Nikienda, mama atabaki na mzigo wa watu wawili na kichwa kimoja. Nilipanga kumwambia tukisha kuuza.

Njia haikukubali. Hatujafika hata mikorosho ya kwanza, mtungi wangu ukalia ko. Mama akasimama.

"Una nini?"

"Sina kitu, mayo," nikasema. Hivyo ndivyo tunavyomwita mama kwetu.

"Tua."

"Mayo, jua linapanda. Watu wa Mambrui wananunua asubuhi."

"Tua, mwanangu."

Nikatua. Nikasema uongo wa kwanza ulionijia, kwamba kata inaniumiza, nikatema maji. Hatukwenda mbali, chungu kikapasuka mdomo. Tukatua tena. Nikasema nimechoka kufinyanga. Hilo lilikuwa kweli, lakini halikutosha, kwani chungu cha tatu kiligawanyika nikiwa bado nimekishika. Nilikasirika kweli kweli. Binadamu akikuchungulia moyoni unaweza kumfukuza, lakini njia utaifanya nini? Nikaifungua barua nikamsomea yote pale pale, kwa sauti ya ugomvi, kana kwamba yeye ndiye aliyeiandika.

Mama alisikiliza mpaka mwisho. Akauliza chuo kiko wapi, nikamwambia. Akauliza kama wanatoa chakula, nikamwambia wanatoa. Kisha akachukua kibuyu.

"Mimi moyo wangu ni mweupe," akasema. "Nenda ukasome. Sina kinyongo na wewe, wala na walimu wako."

Akapiga funda, akatema.

Nilifurahi mno. Nilijitwisha vyungu vilivyobaki nikatangulia, nikitegemea kwamba sasa tutafika mara moja. Tukatembea. Mikorosho haikwisha. Shamba la mihogo tulilozoea kulipita kwa hadithi moja fupi tulilipita mpaka maneno yakatuishia. Vyungu vyangu havikupasuka tena, wala mzigo haukunilemea, nilikuwa mwepesi. Nyuma yangu nilimsikia mama akihema kama mtu anayepanda mlima, na pale ni tambarare. Hapo ndipo nilipoiamini njia ile kwa mara ya kwanza, na nilichukia kuiamini. Ilikuwa zamu yangu kusimama na kumwambia atue. Ningemwuliza, angesema, na akishasema nisingeweza kwenda.

Sikusimama.

Tuliingia Mambrui wakati wa adhana ya alasiri, saa ambazo siku nyingine tulikuwa tumeshauza na kurudi nusu ya njia. Wanunuzi walikuwa wamekwisha kuingia majumbani mwao. Mama alitua mzigo kwenye kivuli cha ukuta wa duka, akajifuta uso kwa leso, akalitazama jua, kisha akanitazama mimi.

"Leo tumefika mapema," akasema.

"Ndiyo, mayo," nikamwambia. "Mapema sana."